Suruali ya Afande Hutchens

Delbert Hutchens alikuwa na kijiko cha tambi za jibini mdomoni alipojiona kwenye televisheni. Kufumba na kufumbua tu: uso wake umebanwa kwenye kioo, mdomo wazi, macho yamemtoka pima, na sauti ya mtangazaji ikinguruma juu yake, "Alhamisi hii, saa mbili usiku, kwenye Thubutu! Askari jela aonja kufungwa!" Kisha likafuata tangazo la sabuni.

"Baba! Ni wewe! Mama, ni baba!" Kelsey aliruka kwenye kochi hadi sahani yake ikapinduka. Alikuwa na miaka kumi na minne na hajapata kumjua mtu yeyote aliyetokea kwenye televisheni, seuze baba yake mzazi. "Mbona hamkuniambia ni wiki hii?"

"Tungekwambiaje na sisi hatukujua?" alisema Noreen, mama yake. Na kweli hawakujua. Watu wa kipindi walisema wangewaarifu, na huko kuarifiwa ndiko huku sasa, uso wa mumewe umetumbukizwa kati ya chakula na sabuni.

Delbert alimeza, akaweka kijiko chini, akainuka na kuizima televisheni kwa kidole, ingawa rimoti ilikuwa pale pale pembeni mwa goti lake. Kisha akatoka akaenda kusimama bandani kwa gari. Noreen alimsikia akifungua boneti, akiifunga, akiifungua tena. Gari lenyewe lilikuwa zima kabisa.

Walikuwa wamekwenda Los Angeles mwezi wa pili. Kwenda walikwenda kwa mbwembwe, maana paa la nyumba lilikuwa limetobolewa na mvua ya mawe, watu wa bima wanawapiga chenga, na mshindi wa Thubutu huondoka na fedha ya kujenga mapaa matatu. Kurudi walirudi na fulana mbili zenye jina la kipindi, basi. Delbert alilazwa ndani ya sanduku la kioo lenye kufuli tatu, akamwagiwa mende, wale wakubwa wa kufugwa wanaotoa mlio, hadi wakamfunika shingo. Noreen, mikono imefungwa nyuma, alitakiwa kutafuta funguo kwa meno ndani ya beseni la matumbo ya ng'ombe. Ufunguo wa kwanza aliupata. Wa pili ulimchelewesha. Wa tatu hakuupata kabisa, kwa sababu alikwisha kuanza kumsikia mumewe.

Alilia. Mwanamume wa kilo mia na ushei, ambaye kazi yake ni kuwaamua wafungwa wakishikana mashati, alilia kwa kwikwi na kumwita mama yake, Bi Opal, aliyekwisha kufariki. "Mama, nitoe! Mama!" Hakuna mpiga picha aliyeshusha kamera. Mtayarishaji, kijana mmoja wa kofia aliyeitwa Skip, alikuwa akinong'ona, "Dhahabu hii, jamani, dhahabu tupu." Walimfungulia muda ulipokwisha. Noreen wakati huo alikuwa anafutwa damu ya ng'ombe machoni, na alipoweza kuona tena, mumewe alikuwa amesimama mbele ya taa zile zote akitetemeka, na suruali yake ya kijivu imelowa ikawa nyeusi, kuanzia kwenye zipu hadi gotini.

Noreen alitazama pembeni. Hakuuliza pale, hakuuliza kwenye ndege, hakuuliza walipofika nyumbani Missouri. Alijiambia kwamba kuna mambo ambayo mke mwenye adabu hayatii mdomoni. Delbert naye hakuligusa, na kimya chake Noreen alikipokea kama ungamo.

* * *

Jumatatu, kabla hata Noreen hajavua koti pale kwenye duka la dobi alikofanya kazi, wateja walikwisha kuanza.

"Noreen! Nimemwona mzee wako! Katoa macho kama mjusi aliyebanwa na mlango!"

"Na bado, subiri Alhamisi," alijibu Noreen, akicheka kicheko cha kibiashara.

"Alishinda? Tunong'oneze basi. Sisi si ni watu wako?"

"Mkataba hauturuhusu."

"Ukimwona mtu anataja mkataba, jua kashindwa," alisema mteja, akachukua suti yake akaenda zake. Noreen alibaki ameshika risiti ambayo mtu yule aliisahau.

Bi Verna Stoltz, mwenye duka, mjane wa miaka sitini na kitu, alikuwa akiyasikia yote kutoka nyuma ya mashine ya kupigia pasi. Yeye alikuwa katika chama cha wazazi wanaopigania televisheni safi, na karatasi ya kukusanyia sahihi ilikuwa hapo kauntani siku zote, karibu na bakuli la pipi. Watu walichukua pipi.

"Bi Verna," aliuliza Noreen wateja walipopungua, "hizo sahihi zenu, zinaweza kuzuia kipindi kisitoke?"

"Kuzuia? Hapana, mwanangu. Serikali haizuii kitu kabla hakijatoka. Kwanza kitoke, mtu akione, achukie, ndipo apeleke malalamiko."

"Yaani mtu aaibike kwanza."

"Ndiyo sheria ilivyo. Na hata hapo wao wanatazama mambo mawili matatu tu: uchi, matusi, na haja kubwa na ndogo." Bi Verna alizima mvuke akamtazama vizuri. "Kuna nini? Ulivua nguo huko?"

"Ebo! Mimi?"

"Basi Delbert."

Noreen alikunja hanga mikononi mwake hadi ikapinda. Miaka kumi na mmoja alikuwa amefanya kazi ndani ya duka hili, na somo la kwanza alilofundishwa na mama huyu lilikuwa kwamba doa la aibu haliulizwi. Mteja akileta shuka, akileta suruali ya baba yake mgonjwa, unapokea kwa tabasamu, unabana kikaratasi cha rangi, na kulishughulikia kimya kimya huko nyuma. Mtu anarudi, anakuta nguo yake safi, hajaulizwa kitu, na anakuheshimu mpaka kufa. Alikuwa amepata sifa mji mzima kwa kutouliza.

"Kuna kipande ningependa kisionekane," alisema mwishowe.

"Basi usihangaike na serikali. Wapigie kituo wenyewe. Kila kituo kina idara yake ya maadili, watu wa kukaa kutwa wakitazama vipindi kabla havijatoka, kata hiki, funika kile. Tangu titi la yule mwimbaji lichomoze kwenye televisheni katikati ya fainali ya mpira, watu wale hawalali. Mwaka huu hata kuku akipiga simu watamsikiliza." Aliandika nambari nyuma ya kikaratasi cha nguo. "Lakini ukipiga, sema yote. Mficha uchi hazai."

* * *

Jumanne jioni Delbert alikuwa anavaa kwenda zamu. Alifunga mkanda, akaulegeza, akaufunga tena. Noreen alimwekea mkate wa mahindi na maharage, naye akavisukuma mbele.

"Nimemwomba Luteni Rucker anibadilishie zamu ya Alhamisi. Kakataa."

"Kwa nini?"

"Kasema, 'Hutch, ukikimbia Alhamisi, Ijumaa utaingia kwa mlango gani?' Na kweli. Bweni zima la wafungwa linajua nilikwenda. Si wao walionitia ufunguo? Si yule mfungwa Teague aliyeniambia, 'Afande, wewe mende watakutoa kamasi'? Nikajitia kidume. Sasa wanawekeana dau. Pakiti za tambi, Noreen, ndiyo fedha yao mle ndani. Kuna watu wamelala njaa wapate cha kuweka juu yangu."

"Wanaweka dau la nini?"

"Kama nililia."

Noreen alikaa kitini mkabala naye. Ilikuwa mara ya kwanza neno lile kutajwa ndani ya nyumba.

"Si uzime televisheni tu? Wewe si askari?"

"Programu wanazipigia kura kila Jumatatu, ni haki yao, imeandikwa ukutani. Alhamisi saa mbili ni Thubutu tangu mwaka jana. Nikiizima nitakuwa nimewajibu." Alichukua kofia yake akaigeuza ndani nje. "Unamkumbuka Pruitt?"

Nani asiyemkumbuka Pruitt? Alikuwa askari wa bweni hilo hilo, mtu mzuri, na siku moja aliwaomba wafungwa wapunguze kelele kwa sauti yenye machozi ndani yake. Kosa lake lilikuwa hilo tu. Wiki haikuisha kabla mtu hajammwagia maji ya moto yaliyokorogwa sukari, kwa kuwa sukari hunasa kwenye ngozi na maji hayatiririki. Siku hizi anauza matairi mji mwingine na hafungui kola ya shati hata kiangazi.

"Wewe si Pruitt," alisema Noreen.

"Nililia, Noreen. Nilimwita mama."

"Najua. Nilikuwepo."

"Wataona."

Alimtazama mkewe kama mtu anayengoja aongezewe kitu, na hapo, jamani, mlango ulikuwa wazi kabisa. Noreen alitia mguu mmoja. "Na yale mengine..." alianza.

"Yapi mengine?"

Noreen ataanzaje? Mume ameketi mbele yake na sare ya kazi, bastola ya umeme kiunoni, anakwenda kukesha na watu sitini wanaomngoja ateleze. Ndipo amwambie, mume wangu, niliona umejikojolea? "Basi tu," alisema. "Kula kidogo, usiende na tumbo tupu."

Hakula. Alipoondoka, Noreen alimwaga maharage, na kikaratasi cha nambari akakihamisha kutoka mfuko wa aproni hadi ndani ya sidiria, ili Kelsey asikiokote.

* * *

Alipiga simu Jumatano wakati wa chakula cha mchana, akiwa amekaa nyuma ya duka kati ya magauni ya harusi yaliyofunikwa nailoni. Alihamishwa kutoka mtu hadi mtu, akangojeshwa na muziki, akaulizwa mara tatu kama yeye ni mwandishi wa habari. Mwisho alipewa mwanamke mmoja mwenye sauti ya uchovu na upole, Bi Paulette Ostrow wa idara ya maadili.

"Bi Hutchens, kipindi chenu ninacho hapa mbele yangu. Usiwe na wasiwasi, tumekisafisha vizuri. Neno baya moja la mumeo tumeliwekea mlio. Lako pia."

"Langu?"

"Ulitukana ulipopoteza ufunguo wa tatu. Si kosa, wengi hutukana. Blauzi yako ilifunguka kifungo, hapo tumekata. Matumbo unaonekana ukiyauma lakini huonekani ukimeza. Kumeza hatuonyeshi kabla ya saa nne."

Noreen alishangaa kwamba kuna watu wazima wanalipwa kwa kujua hayo. "Na kulia?"

"Kulia kwa nani?"

"Mume wangu. Analia, anamwita marehemu mama yake. Hilo mnaliondoa?"

Upande wa pili karatasi zilifunuliwa. "Hapana, mama. Kulia si kosa. Hakuna kanuni yoyote inayokataza mtu kulia."

"Lakini inamwaibisha! Ni askari jela. Wale anaowalinda watakuwa wanatazama."

"Nakuelewa. Kweli nakuelewa." Na sauti yake ilikuwa ya mtu anayeelewa, ndiyo iliyomfanya Noreen atake kuitupa ile simu ukutani. "Lakini sisi tunaangalia lugha, uchi, na mambo ya mwili. Aibu si kitu ninachoweza kukikata. Ningeikata aibu, kipindi kingebaki na nini? Kama kuna jambo la mwili, niambie."

Mashine ya pasi ilitoa mvuke. Mbele ya duka Bi Verna alikuwa akimhesabia mtu chenji kwa sauti. Noreen aliinamisha kichwa hadi paji lake likagusa nailoni ya gauni.

"Lipo," alisema. "Suruali yake. Anapotoka kwenye sanduku. Alijikojolea."

Upande wa pili vitufe vikabofywa. "Ngoja... naona imelowa, ndiyo. Sisi tulipita hapo hatukuona kitu. Tulidhani ni maji."

"Si maji."

"Una hakika?"

"Mimi ni mkewe."

"Basi kama ni mkojo, hilo ni rahisi," alisema Bi Ostrow, na sasa yeye ndiye aliyefurahi, maana amepata jambo analoliweza. "Kwa hali ya mwaka huu, hata nikishuku tu nafunika. Nitatoa agizo leo leo. Hakuna atakayeona suruali ya mumeo, nakuhakikishia."

Noreen alimshukuru hadi sauti ikakauka. Kulia ameshindwa, lakini lile kubwa zaidi, lile la kumwulia mtu jina, amelizima bila mumewe kujua wala kuulizwa. Alirudi kauntani akala sandwichi yake yote, ya kwanza tangu Jumapili kumpita kooni vizuri.

* * *

Alhamisi Delbert alinyoa mara mbili. Mashati ya sare Noreen aliyapiga pasi mwenyewe dukani, mikunjo mikali ya kukatia mkate. Mlangoni Delbert alimbusu Kelsey kichwani, akamwambia, "Si lazima utazame."

"Darasa zima wanatazama, Baba. Nisipotazama kesho nitajuaje wanachonicheka?"

Delbert aliikubali hoja hiyo. Akaondoka.

Saa mbili mama na binti walikaa kwenye kochi, mito wameikumbatia. Wanandoa wa kwanza walikula walichokula wakapita. Wa pili wakapita. Kisha akaja Delbert Hutchens wa Missouri, askari jela, akitamba mbele ya kamera kwamba mende ni wadudu tu na yeye anaishi na watu hatari zaidi. Kelsey alificha uso. Sanduku likafungwa. Mende wakamwagwa. Noreen alijiona mwenyewe ndani ya beseni, tako juu, akasikia mlio wa kufunika tusi lake, lakini hilo halikumwumiza, alikuwa anangoja.

Kilio kikaja. Hawakupunguza hata kidogo. "Mama, nitoe! Mama!" Kelsey alianza kulia naye, taratibu, akifuta pua kwa mto. Lakini kilikuwa kilio cha mtu anayemwonea mtu huruma. Noreen alijiuliza kama hata huko ndani, mbele ya wale watu sitini, hapakuwa na mmoja ambaye amewahi kulala macho akimwita mama yake.

Kisha kufuli zikafunguliwa, Delbert akatoka, na kutoka kiunoni hadi magotini hakuwa na mwili. Palikuwa na vijisanduku vya kuficha picha. Vijisanduku vya rangi ya kijivu na kahawia, vikubwa kama sahani, vinacheza cheza, vinamfuata kila anapopiga hatua. Alikwenda kushoto, vikaenda kushoto. Aligeuka kumpa mtangazaji mkono, vikamzunguka hadi nyuma, vikafunika makalio. Mtangazaji, ambaye siku ya kupiga picha hakuwa ameona kitu cha kucheka, alikuwa amebandikiwa sauti mpya: "Jamani, kuna mambo ambayo kituo chetu hakiwezi kuwaonyesha!" Watazamaji wa kukodiwa wakaangua kicheko.

Kelsey alishusha mto. "Mama," alisema, "Baba alifanya nini?"

"Hakuna kitu. Suruali ililowa."

"Imelowa na nini mpaka wafunike hivyo? Hata nyuma?" Simu yake ilianza kulia, akatazama jina, hakupokea. Ikalia tena. "Mama, alijinyea?"

"Kelsey!"

"Basi niambie! Wanafunika nini?"

Kwenye skrini vijisanduku viliendelea kucheza, na kipindi kilirudia kipande kile mara mbili zaidi, polepole, kabla ya kuwaachia wapite.

* * *

Zamu ya Delbert ilimalizika saa kumi na mbili asubuhi. Noreen aliona gari likiingia na kuzimwa, na mtu akabaki ndani. Alimpa muda. Kahawa ilichemka, akaimimina, ikapoa, akaimwaga akamimina nyingine. Hatimaye Delbert aliingia, akakaa mezani na kofia yake kichwani.

"Walikuwa kimya," alisema.

"Nani?"

"Wote. Nilipolia. Nilisimama pale kwenye meza yangu, mgongo ukutani, nangoja kicheko. Sikusikia hata kikohozi. Teague alikuwa mbele kabisa. Akageuka akaniambia, 'Afande, mimi siku ya kwanza humu nilimwita bibi yangu.' Mbele ya watu wote, Noreen. Wakaanza kulipana tambi, na waliopoteza hawakunung'unika. Nikasema moyoni, ahsante Mungu, imepita."

Alizungusha kikombe bila kunywa.

"Halafu yakaja yale madude. Mtu mmoja huko nyuma akauliza, 'Wanaficha nini?' Basi. Ikawa kila mtu na lake. Kajinyea. Wa pili anasema la, suruali imempasuka. Wa tatu kasema jambo ambalo siwezi kulitamka humu ndani na Kelsey amelala hapo. Nikawaambia ni maji. Maji! Nikaapa. Nani ataniamini? Wanasema kama ni maji, wangeyafunika?"

"Maji gani?" aliuliza Noreen.

"Maji ya kunywa. Yule binti wa huduma ya kwanza alinipa chupa nilipotoka tu. Mikono ilikuwa inatetemeka, nikajimwagia yote. Ulikuwa unafutwa uso." Aliongea haraka, kama jambo dogo lisilostahili kusimuliwa. "Asubuhi wakati wa kuhesabiwa, bweni zima walikuwa wamejifunga taulo kama nepi. Watu sitini, Noreen, wamesimama mistari, hakuna anayecheka. Teague peke yake ndiye hakujifunga. Nilipompita akaniambia chini chini nisigeuze mgongo karibu na birika. Kasema tangu jana usiku watu wanakusanya sukari."

"Usirudi. Delbert, usirudi huko."

"Luteni hana pa kunihamishia. Askari hatutoshi. Kasema nisiporudi jioni nimeacha kazi." Alivua kofia mwishowe, akaiweka mezani. Nywele zilikuwa zimelowa jasho. "Mimi kulia walinisamehe. Hilo ndilo linaloniua. Nataka tu kumjua huyo mtu aliyeketi ofisini kwake akaona nguo yenye maji, akasema tuifunike. Nimemkosea nini mimi?"

Noreen aliweza kunyamaza. Bi Ostrow asingesema, Bi Verna asingesema, na jambo lingezikwa. Lakini mumewe alikuwa anamtazama kwa macho yale yale ya Jumanne, ya kungoja, na mara hii hakuweza kumwambia ale.

"Ni mimi," alisema. "Niliwapigia Jumatano. Niliwaambia umejikojolea."

Delbert hakupiga meza. Hakupaza sauti.

"Nani alikwambia nilijikojolea?"

"Niliona. Nilidhani... Nilitaka kukusitiri."

"Miezi miwili," alisema Delbert. "Miezi miwili nimelala hapo ubavuni mwako. Ulishindwa nini kuniuliza?"

Chumbani kwa Kelsey saa ya kengele ilianza kulia. Ilikuwa siku ya shule, na kati yao wawili hakuna aliyeinuka kwenda kumwamsha.